Abee, Mama

Tulinagwe alikuwa akilainisha chungu kibichi kwa kokoto alipoinua kichwa na kuitika, "Abee, mama!"

"Sijakuita," alisema mama yake, Angetile, aliyekuwa kando yake akikanda udongo.

Walicheka. Kesho yake, jua likizama, akaitika tena, kisha akatema udongo. Haukuwa wa kufinyangia. Ulikuwa mweusi, wa migombani, unanuka majani yaliyooza. Hapo hakuna aliyecheka.

Pale Ikombe nani asiyemjua Tulinagwe? Mfinyanzi gani mwingine alikuwa ameigiza sinema tatu? Wazungu wa serikali walipokuja na kamera yao, mwaka wa hamsini na mbili, walimpenda mara moja. Katika sinema ya kwanza alinawa mikono, katika ya pili akauza mpunga, na gulioni Kyela watu wakampigia vigelegele. Ya tatu ilimtaka afe kwa kunywa maji machafu. Alikufa vizuri mno, maskini.

Kaburi lilichimbwa la kweli, migombani. Angetile aliambiwa amlilie "Maria", jina la kwenye sinema, lakini alipomwona mwanawe kalala mkekani, macho kayafumba, alisahau yote, akaangua kilio juu ya shimo: "Tulinagwe! Tulinagwe mwanangu!" Bwana Picha, yule mzungu wa kamera, alifurahi, hakutaka irudiwe. Shimo likafukiwa tupu. Kwa desturi mtu hai haitwi kwenye kaburi lililo wazi, na shimo lililokosa maiti huzikiwa shina la mgomba. Wanawake walijua. Walinyamaza kwa sababu mzungu alikuwa na haraka.

Mganga Yotamu alipoletwa, aliunusa ule udongo, akasogeza kigoda nyuma.

"Mle shimoni mna pepo," alinong'ona. "Amepewa jina, sasa anamtaka mwenye jina. Nitamzikia mgomba. Lakini binti asiitwe tena pale. Mmenisikia?"

Mgomba ukazikwa. Siku mbili Tulinagwe alikula, akafinyanga, akaimba. Siku ya tatu, jioni, aliitika mara nne mfululizo huku ameshika koo.

Mumewe, Lameck, alikwenda Kyela kwa karani wa sinema, kuuliza ile ya tatu inaonyeshwa wapi.

"Ile ya kilio? Jana tulikuwa Ngana, leo Busale. Watu wanalia machozi!" karani alisema. "Na nakala nyingine ziko Tabora, Lindi, Mwanza. Shemeji amekuwa mtu mkubwa!"

"Izuie, ndugu yangu. Nakuomba."

"Nitamzuia nani Mwanza?"

Tangu hapo kila jua lilipozama Tulinagwe aliitika, kwanza kwa sauti, kisha kwa midomo tu, udongo ukimjaa kinywani upesi kuliko mama yake alivyoweza kuuchokoa kwa kidole, hadi jioni moja Angetile, mkono wake umelowa mate na tope, macho ya mwanawe yakimtazama bila kupepesa, alipotambua kwamba sauti ya kwenye sinema, iliyokuwa ikimwita na kumwua, ilikuwa yake mwenyewe.

Wakamzika katika shimo lile lile, ili pepo aridhike. Hakuna aliyelia kwa jina. Angetile aliuma kanga yake mpaka mwisho, watu wakaondoka, akabaki peke yake.

Jua likazama.

"Abee, mama," ilisema sauti chini ya udongo.

Angetile akajilaza kifudifudi juu ya kaburi, mdomo ukigusa ardhi.

"Usiitike, mwanangu," akanong'ona. "Siyo mimi."

"Abee, mama."