Madamu Hakuvuliwa

Fundi alikuwa amepiga magoti akipunguza pindo, pini mdomoni, aliposikia kicheko cha Madamu kikitoka jikoni, kile cha puani chenye dharau. Akadhani ni mkewe anafanya mazoezi. Lakini mkewe alikuwa amelala chumbani, anakoroma.

Enhe, balaa lilianzia hapo.

Mkewe alikuwa msanii. Alikaa ndani ya dirisha la duka, nguo zimejaa vibandiko vya bei, akijifanya Madamu, tajiri wa kubuni asiyeshiba kununua. Wapita njia walicheka, wakajiona wenyewe, wakaondoka na mifuko yao kimya. Madamu huyo walimbuni wawili, mtu na mkewe, kwa mzaha tu. Sasa wasanii wana mwiko wao: onyesho likiisha, unanawa uso, unataja jina lako, ndipo unatoka. Mke akaupuuza.

"Nikinawa nampoteza," alisema. Akawa anarudi naye nyumbani, anakula naye, analala naye.

Nyumba ikaanza kunuka harufu ya vitu vipya, kama boksi lililofunguliwa sasa hivi. Mifuko ya plastiki ikawa inachakarika chumbani mchana kweupe. Fundi akifungua mlango inanyamaza, akifunga inaanza tena, na chini ya mchakariko ule akasikia mkewe analia kwa sauti ndogo, ya mtu aliyefungiwa kabatini, ilhali mke huyohuyo yuko sebuleni, amekunja nne, anamkodolea macho yasiyopepesa.

"Mke wangu," alinong'ona.

"Mkeo nani? Wewe fundi, shona."

Akamleta mganga, mama mtu mzima asiye na maneno mengi. Mganga akanusa hewa, akatikisa kichwa.

"Mmepamba mtu asiye na mwenyewe, jini akaingia. Sasa wamo wawili. Taja kitu anachokipenda mkeo, chake hasa. Atakayeitika atabaki, mwingine namtoa."

Fundi akafumbua kinywa. Anapenda nini? Marashi? Hayo ya Madamu. Viatu virefu? Madamu. Jamani, mke wangu anapenda nini?

"Haraka, baba!"

"Chai," akaropoka. "Chai kavu, isiyo na sukari."

"Abee," akaitika yule wa sebuleni, akitabasamu.

Mganga akapiga kofi moja. Kilio cha chumbani kikakatika.

Hapo ndipo fundi alipokumbuka. Chai kavu aliibuni yeye mwenyewe iwe ya Madamu, siku ile walipombuni kwa mzaha. Mkewe alitia sukari mpaka kijiko kinasimama.

"Mrudishe, mama! Nimekosea, mrudishe!"

"Aliyetoka harudi, mwanangu," mganga akasema, naye machozi yanamlenga.

Fundi akakaa chini, akalia kama mtoto. Na sasa yakamjia yote, bila kuulizwa: karanga mbichi, mvua juu ya bati, kukunwa mgongo akiwa amechoka, kuitwa kipenzi mbele za watu.