Ua Lililoitwa Verena

Siku ya soko pale Lushoto mjini watu husukumana kati ya mapeasi na mafungu ya karoti, na hakuna aliyetegemea kumwona mzungu akigombania magazeti ya zamani. Loveness, fundi cherehani mwenye duka karibu na stendi, alikuwa ameshika upande mmoja wa furushi, gauni lake la kitenge cha njano limemkaa kiunoni hadi wauza viazi wakasahau wateja. Upande wa pili ulishikwa na mtu mrefu mwenye buti zenye tope.

"Kaka, achia. Mimi nakatia patani za magauni."

"Onga mshi, dada. Na mimi ninakaushia mimea."

"Makubwa! Kishambaa umekitoa wapi?"

"Mlalo. Nilikaa kule nikiwa kijana."

Wakagawana magazeti, na namba za simu pia. Huyo ndiye Profesa Reto Amstutz wa Uswisi. Ujana wake aliumaliza akipanda majabali ya Usambara, akarudi kwao akapata uprofesa, akaandika vitabu vinene ambavyo husomwa na wanafunzi waliolazimishwa. Mke hakuwa naye. Alimpenda Loveness kwa namna ya mtu aliyechelewa, yaani bila aibu.

Jioni alikaa dukani kwake akimtazama akishona.

"Lovi, mtoto wa kwanza kwenu hupewa jina la nani?"

"Wa kike huchukua la bibi yake, mama mzaa baba. Vipi, Profesa, unataka mtoto?"

"Ninaye tayari. Yuko Mtae, kwenye jabali."

Alimpeleka akamwone. Lilikuwa ua dogo la zambarau, majani yake yana manyoya meupe, limeota kwenye ufa mmoja tu wa mwamba. Halikuwa na jina duniani, na aliyeligundua ndiye mwenye haki ya kulipa jina.

"Utaliita nani?" Loveness alimbana kwenye simu, Reto alipokwisha rudi kwao.

"Siri. Utafurahi, mpenzi wangu."

Akangoja kwa raha zote, akiwatambia majirani kwamba jina lake litaandikwa vitabuni. Kisha Nikodemo, anayetembeza wageni milimani, akaingia dukani na simu yake. "Dada, ua la mzungu wako limetangazwa. Linaitwa Verena."

Loveness aliacha cherehani. Verena ndiye nani? Hakuuliza. Mtu akiumia kiasi kile haulizi, anahukumu. Alimfungia Reto simu, meseji, kila kitu, na asubuhi akapanda basi la Mtae na jembe dogo mkobani. Aliling'oa ua lile shina kwa shina, akakwangua ufa kwa kucha mpaka mwamba ukabaki mtupu, akayatupa yote bondeni. Akacheka. Mimi simlaumu, na wewe ungekuwa na mkono mwepesi kuliko wake.

Kisasi kilifanya kazi yake. Wataalamu wenzake Reto walikuja na kamera, wakarudi mikono mitupu. Majani makavu aliyoyahifadhi Reto wakasema ni ya ua linalojulikana tangu zamani, limedumaa tu. Walitaka kuona lililo hai. Profesa akaitwa mwongo, chuo kikampumzisha. Nikodemo alipomletea habari hizo, Loveness aliagiza soda ya kila aliyekuwa dukani.

Mvua za masika zilipokwisha, gari likasimama mlangoni. Reto akashuka, amekonda, nywele zimekuwa za majivu. Akamshusha bibi kizee wa kizungu mwenye mkongojo na kofia ya sufu.

"Sikuja kubembeleza," Reto alisema. "Huyu ni mama yangu. Anataka kuliona ua lenye jina lake kabla hajafa. Anaitwa Verena."

Mkasi ukamponyoka Loveness. Miezi yote ile Reto alikuwa akimtaja kama "mama" tu.

"Lakini... kwa nini jina la mama?"

"Si wewe uliyenifundisha? Wa kwanza wa kike huchukua la mama mzaa baba. Nilidhani nimewaheshimu wazee wako."

"Shikamoo, mama," Loveness alinong'ona. Kisha akamgeukia Reto. "Halipo. Nililing'oa mimi."

Uso wa Reto ukawa mwekundu mpaka masikioni. "Panda gari. Utamwambia palepale."

Huko Mtae upepo ulikuwa mkali. Bibi alishika mkono wa Loveness akitazama ufa mtupu, akauliza jambo.

"Mjibu," Reto alisema.

"Niliyang'oa yote, mama. Kwa mikono hii."

Reto alitafsiri neno kwa neno, polepole, akionja kila moja. Bibi akauliza tena.

"Anataka kujua kama ulilia."

"Sikulia. Nilicheka."

Hilo nalo alilitafsiri, kwa furaha mbaya. Bibi akaongea kirefu, na furaha ikamtoka mwanawe usoni.

"Amesemaje?"

"Anasema baba yangu alipomtoroka na mwanamke mwingine, yeye aliimwagia mitofaa yote ya baba maji ya chumvi. Ikafa bustani nzima." Reto aliukazia macho ufa. "Mimi nilikuwa mtoto. Nilidhani ni ugonjwa. Nilisomea mimea ili niujue."

Bibi Verena alimpigapiga Loveness mgongoni kama wanavyofanya watu wa chama kimoja.

"Sijakusamehe," Reto alisema.

"Najua."

"Utanioa, na utanitafutia ua. Kila jabali, kutoka hapa hadi Mgwashi, mvua na jua."

"Kwanza, mwanamke haoi, anaolewa. Na tusipolipata?"

"Utazeeka unatafuta, na mimi nyuma yako nikikukumbusha."

Loveness alivua viatu vyake vya kisigino, akampa mama mkwe avishike, akaanza kuteremka mwambani.