Roho Mbaya ya Wivine

Kila asubuhi, kabla ya kengele kulia, uwanja wa shule ya Katuba, mtaa wa Lubumbashi, ulikuwa mali ya Wivine. Wakati huo alikuwa amekwisha kuchota maji, amefagia ua, na amebishana na mama yake kuhusu soksi. Sasa alisimama mbele ya wasichana wenzake, akapiga makofi mara mbili, akaanzisha wimbo wa nzango. Katika mchezo huo timu mbili hutazamana. Wasichana wawili huruka pamoja, hupiga makofi, kisha kila mmoja hurusha mguu mbele, na mguu ndio unaoamua pointi. Anayeanzisha wimbo akikosea, miguu yote hukosea. Wivine hakuwa mtu wa kukosea. Alikuwa na miaka kumi na mitatu, mwembamba, mwenye mdomo usio na breki, na huu ulikuwa mwaka wake wa pili wa ukapteni.

Lakini alikuwa na siri. Mara kwa mara, bila kupiga hodi, moyo wake ulianza kukimbia. Ulikimbia kama mashine ya kusaga mahindi, kifua kikatetemeka, akaona kizunguzungu. Baada ya dakika chache ulitulia ghafla, kama ulivyoanza. Aliyeijua siri hiyo ni rafiki yake Abigaïl tu, naye alikuwa ameapishwa.

"Mama akijua, atanikataza nzango," Wivine alimwambia. "Funga kinywa yako."

Jumatano moja moyo ulikataa kutulia. Wivine alianguka katikati ya wimbo, vumbi likamwingia mdomoni. Mwalimu alimbeba hadi zahanati ya mtaa, kisha akampigia simu shangazi yake, Tante Hortense, ambaye duka lake la vitenge lilikuwa jirani. Muuguzi wa zahanati, kijana aliyeitwa Caleb, alimsikiliza Wivine kifua kwa muda mrefu. Moyo ukatulia huku yeye bado anasikiliza. Akamgeukia shangazi.

"Mama, roho ya huyu mutoto iko mubaya. Mumupeleke ku hôpital, bamupime mbio-mbio."

Tante Hortense alilisikia neno la kwanza. La pili lilimpita.

Sasa elewa jambo hili, msomaji. Watu wa Lubumbashi wakitaja kile kinachodunda kifuani, wengi hawasemi moyo, husema roho. Na roho ndiyo hiyo hiyo ya mtu mwema au mtu mwovu. Neno moja, kazi mbili. Caleb alitaka kusema kwamba moyo wa mtoto una hitilafu. Tante Hortense alisikia kwamba mtoto wa kaka yake ni mchawi. Angeuliza swali moja tu, hadithi hii ingeishia hapo, lakini hakuuliza. Alifunga duka mapema akaenda kupita mlango kwa mlango.

Kufikia saa ya kupika, barabara nzima ilikuwa na habari. Mama Mutale, jirani, alikumbuka kwamba kuku wake watatu walikufa wiki ile ile aliyomtuma Wivine chumvi. Kuku hufa kwa kideri kila mwaka mjini humo, lakini mwaka huu kideri kilipata jina la mtu. Kesho yake uwanjani hakuna msichana aliyetaka kushikana mikono na kapteni. Hata Abigaïl alisimama mbali, akitazama viatu vyake, kwa sababu mama yake alimwonya. Wivine alienda nyuma ya darasa akalia kwa hasira. Iliyomuuma zaidi ni ile mikono iliyofichwa mifukoni.

Baba yake, Papa André, alikuwa kazini kwenye mgodi wa Kinsevere, na zamu yake ilikuwa bado na siku tisa kuisha. Katika familia yao, baba asipokuwepo, dada yake mkubwa ndiye aliyesema, na wengine waliinamisha kichwa. Mama yake Wivine, Mama Albertine, alikuwa ameinamisha chake kwa miaka kumi na mitano. Kwa hiyo Tante Hortense alipoamuru mtoto aletwe kwake Jumamosi asubuhi, mama mwenyewe alimleta.

Ilikuwa sebule yenye makochi na pazia la manjano. Watu sita wa kikundi cha maombi cha shangazi walikaa wakimngoja. Mezani palikuwa na sahani ya bukari, ugali wa huko, na samaki, imefunikwa.

"Utafunga siku tatu," alisema Tante Hortense. "Hakuna kula, hakuna mayi, mupaka utaungama. Ukiungama sasa hivi, tutakuombea, halafu utakula. Sema tu: ndiyo, niko mulozi."

Wivine aliitazama sahani. Hakuwa amekula tangu jana. Neno lenyewe lilikuwa fupi: ndiyo. Angelisema, chakula kingefunuliwa, na wote wangeimba. Lakini kuanzia siku hiyo angekuwa mchawi kwa kinywa chake mwenyewe, na dunia nzima haina sabuni ya kuliosha jina kama hilo. Akapiga moyo konde, ingawa moyo wenyewe ulikuwa mgonjwa.

"Tante, kusema ndiyo ninajua," alisema. "Lakini itakuwa bongo, haitakuwa kweli. Munaniita mu maombi niseme bongo mbele ya Mungu?"

"Unajibu bakubwa?"

"Ninajibu juu munaniuliza."

Mzee mmoja wa kikundi alikohoa, akaficha tabasamu kwenye leso. Tante Hortense alisimama, akapiga meza mpaka sahani ikaruka.

"Ungama!"

"Sawa," alisema Wivine. "Naungama."

Chumba chote kiliinama mbele kumsikiliza. Alipumua, akamgeukia mama yake, si shangazi.

"Mama, tangu mwaka jana roho yangu inakimbia. Inakimbia peke yake, hata kama nimeikala chini. Nilikuficha juu niliogopa utanikataza nzango. Hiyo njo zambi yangu. Ingine sina. Mutu akitaka niungame ya kuku, atangoja mupaka meno yake ing'oke."

Mama Albertine alikuwa amekaa karibu na mlango, mikono mapajani. Alilia, akajifuta machozi kwa ncha ya kitenge, kisha akasimama. Alikuwa mwanamke mfupi, lakini asubuhi ile hakuna aliyeliona hilo.

"Ya Hortense," alisema, akimwita kwa heshima ya dada mkubwa, "muuguzi alisema roho ya mutoto iko mubaya. Alisema tena nini?"

"Alisema... mambo ya kupima."

"Bapime nini? Bapime bulozi?"

Tante Hortense aligeukia kikundi chake, na Mama Albertine hakungoja.

"Wivine, vaa viatu. Tunaenda."

"Albertine! Ukipita ule mulango, ninaita André ku simu!"

"Mumuite. Mumuambie tuko ku hôpital."

Walipanda teksi hadi hospitali moja kubwa upande wa Kasapa. Tante Hortense aliwafuata na teksi nyingine, mkoba umebanwa kwapani, ili aonekane mwenye haki mbele ya mtu aliyesoma.

Daktari alikuwa mwanamke mtulivu, Dokta Ngalula. Umeme ulikuwa umekatika tangu alfajiri, lakini mashine yake ndogo ilikuwa na betri. Alimlaza Wivine, akambandika waya kifuani, mikononi na miguuni. Ukanda wa karatasi ukaanza kutoka, umejaa vilima vidogo na vilele virefu.

"Inanichoma?" aliuliza Wivine.

"Hapana. Waya haziingize kitu. Zinasikiliza tu courant, umeme ya roho yako."

"Roho iko na courant?"

"Roho ya kila mutu. Na yake haina facture ya kulipa, haina kukatwa kama ya mu nyumba."

Dokta Ngalula alichora moyo kwenye karatasi, vyumba viwili juu na viwili chini. Akaweka nukta kwenye chumba cha juu, upande wa kulia. Hapo, alieleza, huanzia cheche ndogo ya umeme, mara sitini hadi mia kwa dakika mtu akipumzika. Cheche hiyo huenea katika vyumba vya juu, navyo hujikunja na kusukuma damu chini. Kisha hufika katikati ya moyo, kwenye kituo kidogo, na hapo husubiri kwa muda mfupi kuliko kupepesa jicho, ili vyumba vya chini vijae damu. Ndipo hupita, huteremka kwa nyuzi mbili, moja kulia na moja kushoto, na vyumba vya chini hujikunja kwa nguvu. Hapo ndipo tunaposikia mapigo.

"Njo kusema iko kapteni," alisema Wivine. "Anaanzisha wimbo, bengine banaitika. Na mu katikati banangoja kidogo."

"Weye unaelewa kupita banafunzi bangu," alisema daktari, akicheka. "Sasa angalia roho yako."

Alionyesha chini ya kilele kirefu. Mahali ambapo mstari ulipaswa kupanda wima, ulipanda polepole, kwa mshazari. Wivine alizaliwa na njia ya ziada kati ya vyumba vya juu na vya chini, njia ya panya. Umeme mwingine ulipita huko bila kusubiri kwenye kituo. Siku nyingine uliteremka kwa njia moja ukarudi juu kwa nyingine, ukazunguka na kuzunguka, na moyo ukadunda zaidi ya mara mia mbili kwa dakika.

Tante Hortense alikuwa amesimama mlangoni. Alisogea, akaukagua ukanda kutoka mwanzo hadi mwisho.

"Na bulozi iko wapi apa?"

"Mama, hii mashini haipime bulozi," alisema Dokta Ngalula. "Inapima courant. Huyu mutoto alizaliwa vile. Hakukosea mutu."

Daktari alitoa dawa ya kumeza kila siku, akamfundisha Wivine kuketi na kupuliza kwa nguvu ndani ya bomba la sindano tupu moyo ukianza kukimbia, na akaagiza aletwe hospitali upesi usipotulia. Kuruka nzango kulikatazwa kwa sasa. Baadaye wangemtafutia wataalamu wanaoweza kuifunga ile njia ya panya. Mama Albertine akamweleza habari za kufunga siku tatu. Uso wa daktari ulibadilika.

"Siku tatu bila mayi, na hii roho? Mama, mungeweza kumuzika."

Tante Hortense alikaa kwenye benchi. Aliuweka mkoba sakafuni. Wivine alimhurumia kidogo, lakini hasira yake ilikuwa bado na moto, na hakutaka kuizima kabla ya kazi yake kwisha.

"Tante, mulipita milango ngapi?"

Shangazi aliinama. "Yote."

"Basi tuanze."

Alasiri ile ile watu wa Katuba waliona kitu wasichowahi kuona: Tante Hortense akipita tena mlango kwa mlango, ukanda wa karatasi mkononi, Wivine na mama yake nyuma yake. Mlango wa kwanza sauti yake haikutoka. Wa pili ilitoka kidogo. Walipofika kwa Mama Mutale, ilisikika hadi ng'ambo ya barabara.

"Roho ya huyu mutoto haiko na ubaya. Iko na ugonjwa. Bamenionyesha, ni hii apa. Courant yake inapita njia ya panya. Lakini hata maneno ya muuguzi ilipita njia ya panya mu masikio yangu, ikatoka mbio mu kinywa bila kungoja. Miye njo nilikosa. Mutoto akigonjwa, tuulize dokta, tusiulize majirani. Na mutoto akikatala kusema bongo, tumuheshimu, hata kama anatujibu."

Mama Mutale aliutazama ukanda, akakuna kichwa.

"Sawa. Lakini kuku yangu, nani aliiua?"

"Uliza dokta wa kuku," alisema Tante Hortense. "Kuuliza si ujinga. Miye nimejua leo, na nimezeeka."

Abigaïl alitokea nyuma ya nyumba ya pili, mikono nje ya mifuko. Mama yake alikuwa mlangoni na hakumzuia. Alikuja moja kwa moja, akaushika mkono wa Wivine mbele ya watu wote.

Jumatatu asubuhi, kabla ya kengele, kapteni hakuruka. Alikaa kwenye tofali pembeni ya uwanja, akapiga makofi mara mbili, akaanzisha wimbo. Wasichana wote wakaitikia.