Chai Iliyoshika Utando

Hadithi hii alinisimulia mshonaji mwenyewe, mwaka juzi, siku aliyonipima gauni. Alikuwa na pini mdomoni, basi akasimulia polepole, nami naiandika hivyo hivyo.

Yeye na fundi walikutana kwenye duka la vifungo, watu wamebanana. Mshonaji alivaa sketi ya buluu, kazi ya mkono wake. Mbele yake alisimama kijana mrefu wa ovaroli, mfuko umechanika, bisibisi zinachungulia.

"Kaka, utamtoboa mtu."

"Basi nishonee, dada, kabla sijashtakiwa."

Akamshonea pale pale, kwa uzi mwekundu, ndio aliokuwa nao. Akamuuliza ni fundi wa nini. Kijana akasema anafunga mitambo ya kusimamisha wakati: chumba kikishawashiwa, ndani hakisogei kitu, hata nzi hubaki hewani.

Mshonaji akakata uzi kwa meno.

"Vifungo hivi ni vya gauni la mama. Daktari amempa siku mbili. Twende nyumbani."

Walimkuta mama usingizini. Fundi akaweka kikombe cha chai ya maziwa kando ya kitanda, ndiyo desturi ya kazi yao: mvuke ukisimama kama uzi, mtambo umekubali. Wakafunga mlango wa kioo, akawasha. Mvuke ukasimama. Sasa ni kungoja dawa ya ugonjwa ule ipatikane.

Fundi alikuja kukagua kila mwezi. Baadaye akawa anakuja kila Jumapili, shati limepigwa pasi.

"Bwana Saa, mtambo unaumwa tena?"

"Mtambo mzima. Mgonjwa ni mimi."

Mwaka wa pili akamwambia anataka kumwoa.

"Mama akipona," alijibu mshonaji. "Siolewi mama yangu akiwa nyuma ya kioo."

Jumapili moja fundi alisimama mbele ya kioo muda mrefu.

"Kipenzi, kuna jambo nimekuficha. Chai imeshika utando. Wakati unavuja. Miezi minne naziba, hauzibiki. Humo ndani imeshapita karibu siku nzima."

"Mimi namtazama kila siku. Hajasogea."

"Ni kwa sababu unamtazama kila siku."

"Umeuharibu wewe. Umechoka kunisubiri."

"Ningeuharibu, ningekwambia?"

"Toka nyumbani kwangu."

Akatoka. Kila asubuhi alipiga simu, nayo ikalia juu ya meza ya kukatia, katikati ya vipande vya vitambaa, mpaka ikachoka.

Ili ajue kwamba fundi ni mwongo, mshonaji alichukua chaki yake ya kushonea, akafumba jicho moja, akauchora uso wa mama juu ya kioo. Wiki ilipotimia, akasimama pale pale, akafumba jicho lile lile. Uso ulikuwa umetoka nje ya mstari. Macho yalikuwa wazi. Yalikuwa yamegeukia mlango.

Akakaa sakafuni, akapiga simu.

"Njoo uzime."

"Dawa bado, mpenzi. Nikizima, sina uwezo wa kuwasha tena."

"Anamaliza siku zake peke yake, ananitafuta. Njoo. Na unisamehe."

"Niko njiani. Nami nilichelewa kusema."

Alipozima, harufu ya chai ilitoka chumbani. Mama akapepesa macho.

"Mbona umekawia na vifungo?"

"Foleni, mama," alisema mshonaji, akambusu mkono.

"Na huyu?"

Fundi, ndani ya ovaroli ile ile, akapiga magoti. "Shikamoo, mama. Nimekuja kumwomba binti yako."

Mama akamtazama kuanzia kichwani mpaka mfukoni, akaugusa mshono mwekundu kwa kidole.

"Marahaba. Mkono huu ni wa mwanangu. Alikuwa na haraka, lakini alikaza." Akapumua. "Basi, mkae pamoja."

Mshonaji alishonea vifungo vyote sita hapo kitandani, mama akimkosoa kila kimoja. Wakamvalisha gauni. Waliongea siku ile nzima na asubuhi iliyofuata. Ilipofika adhuhuri mama alifumba macho, mkono wake ndani ya mkono wa binti, na hakuyafumbua.

Baada ya mazishi walirudi nyumbani wawili. Fundi alisinzia kitini na viatu vyake miguuni. Mshonaji akaosha kile kikombe, akakifunika, akafuta chaki kwenye kioo. Kisha akajilaza kwenye kitanda cha mama, mlango wazi, naye akalala.