Mgeni wa Benchi la Mbele

Wapendwa, wana wa nyumba ya Bwana, sogeeni na mnyamaze. Mama anayenyonyesha amtulize mtoto wake. Kijana mwenye simu mkononi aizime. Neno nililo nalo leo msilipeleke kwa jirani. Limekuja kwako wewe uliyeketi hapo.

Jambo lilianza na miwani iliyolowa.

Émilienne, mke wa Placide, alikuwa akiikusanya ndani ya beseni baada ya filamu ya saa nane mchana. Ilikuwa miwani ya karatasi ngumu, kioo kimoja chekundu na kingine cha buluu. Siku hiyo ile ya benchi la mbele ilikuwa laini mkononi mwake kama muhogo ulioloweshwa.

"Papa Chérie," alimwita mumewe kwa jina la binti yao, "hii miwani iko na maji."

"Ni jasho. Bantu banaogopa, banatoka jasho."

"Jasho haina harufu ya matope ya ziwa." Akainusa tena. "Na ingine haiko. Bantu banabeba yao, banaenda nayo Swima, banaenda nayo Lubondja. Beseni haijai tena."

"Baache babebe. Ni publicité, banatutangaza."

Ukumbi wa Placide ulikuwa nyuma ya soko la Baraka, kuta zake mbao, na mbao hizo zimefunikwa maturubai meusi, hivyo hata jua likiwaka juu ya Tanganyika, ndani mlikuwa usiku. Alikuwa na projekta, jenereta, na shuka nyeupe ukutani. Zaidi ya hayo alikuwa na kinywa. Filamu zilikuja na lugha za mbali, naye alisimama kando na mikrofoni akizieleza kwa maneno ya nyumbani, akiwatukana majambazi, akiwaonya mabinti, akiwaita watu wa kwenye picha kana kwamba ni majirani zake. Watu walikuja kumsikia yeye kuliko kutazama.

Lakini jicho lake la kushoto lilikufa utotoni kwa surua. Halikumsumbua mpaka alipoleta kutoka Uvira filamu zile ambazo picha hutoka ukutani. Kila jicho hupewa picha yake, mbili zinazotofautiana kidogo tu. Akili huziunganisha na kusadiki kwamba jiwe linarushwa usoni. Mwenye jicho moja huona shuka. Basi katika Baraka nzima, kitu ambacho Placide alikitangaza sokoni kwa kipaza sauti, yeye peke yake hakuweza kukiona.

Alijaribu. Aliivaa miwani, akaigeuza, buluu ikahamia upande wa jicho zima. Shuka ikawa nyekundu, kisha ikawa buluu. Basi. Yule kipofu wa Injili, alipoguswa mara ya kwanza, aliona angalau watu kama miti inayotembea. Placide hakuona hata mti. Alirusha miwani chini, kisha akaiokota kwa aibu.

Akajifunza kusikiliza. Watazamaji walipovuta pumzi, alijua kitu kimetoka, akakipokea: "Huyo! Anakuja! Karibu mama, karibu! Ingia, ikala na siye!" Mabenchi yakacheka. Akalirudia neno hilo la karibu kila siku, jinsi tunavyomjibu mtu anayepiga hodi kabla hatujamtazama uso.

Alasiri moja watu walipiga kelele mahali ambapo filamu ilionyesha bustani tu, maua na upepo.

"Chef!" aliita Junior, dereva wa pikipiki asiyekosa filamu. "Ule mama wa pagne ya maji, kitenge yote imelowa, ni nani? Film imemuacha, yeye amebakia!"

"Mama gani? We umelewa kasiksi."

"Amekaa benchi ya mbele. Ametupa mugongo."

Placide alitazama. Benchi la mbele lilikuwa tupu, na waliokuwa wamelikalia walikuwa wamehamia nyuma, wakibanana kama ndagala, samaki wadogo wa ziwani, kwenye kitunga. "Munaniharibia kazi!" alifoka. "Mi naona drap! Shuka tu!"

Kesho yake benchi la pili lilikuwa tupu. Kisha la tatu. Walisema yule mwanamke hajageuka hata mara moja, anahama tu kinyumenyume, na filamu inapokwisha yeye haondoki. Ukivua miwani, hayupo. Ukiivaa, yupo, karibu zaidi. Placide akaita kwa nguvu zaidi ili awarudishe watu: "Karibu, mama! Usiogope, sogea!" Wala hakujua anamsogeza nani, wala kuelekea wapi.

Alikuwa akimsogeza kuelekea kwa Chérie. Binti yake huketi benchi la mwisho, kando ya projekta, akila karanga.

Nyumbani Chérie alinyoosha mkono kuchukua kikombe, vidole vikafumba hewa. Alijaribu tena, akakipiga, chai ikamwagika. Mlangoni alikanyaga mahali ambapo ngazi haikuwepo, akaanguka.

"Chérie, unacheza?" baba yake alimkaripia.

"Hapana, papa. Kikombe iko mbali, kisha iko karibu. Vitu vyote viko sasa kama photo." Akasema kwa sauti ndogo, kama anayetoa siri ya rafiki: "Ule mama asema yeye iko plat, kama karatasi. Asema nimuazime macho yangu, anenepe kidogo."

Émilienne alishika kifua. "Placide. Leo nilimuona bila miwani."

Ndipo akaitwa Mama Concilie, mkimbizi wa Burundi aliyelima mihogo na kuongoza kundi la maombi. Walikutana ukumbini mchana, Junior akiwa mlangoni, asiyetaka kuingia wala kuondoka. Filamu haikuwashwa. Chérie alikuwa benchi la mwisho, na hakutaka kuinuka.

"Ule mama anamushika mukono," Émilienne alinong'ona.

Placide alipandwa na hasira ya mtu aliyechoka kuambiwa. Alishika turubai akalichana, akachana la pili, jua likamwagika juu ya mabenchi yake. "Haya! Iko wapi? Giza imeisha! Nionyeshe!"

"Jua haimufukuzi tena, papa," mkewe alisema, akilia. "Anakuangalia. Amegeuka."

"Papa Chérie," alisema Mama Concilie, "mimi naweza kuomba mupaka jioni. Lakini huyu hakuvunja mulango. Aliambiwa karibu. Kinywa iliyosema karibu ndiyo itamutoa."

"Nimutoe namna gani? Mi simuoni!"

"Wakati wa kumukaribisha, ulikuwa unamuona?"

Placide akayatupa mapande ya turubai. Akaelekea benchi la mwisho akisema, "Toka!"

"Si huko, chef! Kushoto!" aliita Junior.

"Toka!"

"Amehama! Iko nyuma yako!"

Akageuka, akageuka tena, akitoa amri kwa mbao na kwa hewa, akajikwaa kwenye waya wa jenereta, na mahali fulani mbele ya uso wake, aliambiwa, kitu kilikuwa kikicheka bila sauti. Akapiga magoti na kulia kwa uchungu. Kisha, kwa kuwa jicho lile moja halikumfaa kitu, akalifumba.

Na ndani ya giza hilo ambalo hakulitengeneza kwa maturubai, akasikia tone. Likaanguka lingine, taratibu, kama nguo iliyoanikwa bila kukamuliwa, likitoka upande wa mtoto wake, na pamoja nalo harufu ya matope ya ziwa na ndagala waliooza, harufu ambayo mkewe alimwambia tangu siku ya kwanza na ambayo pua yake ilikuwa imeinusa kila alasiri huku kinywa chake kikiuliza yuko wapi, yuko wapi, kana kwamba Mungu alimpa mwanadamu mlango mmoja tu wa kujua. Akalifuata tone, macho yamefumbwa, mpaka baridi ikamgusa kifuani na tone likamwangukia mguuni.

"Nilikukaribisha bila kukuona," alisema. "Bila kukuona nakufukuza. Kwa jina la Yesu, rudisha kitu ya mutoto wangu, utoke."

Baridi ikampita kama maji yanavyopita katikati ya mawe. Junior alipiga ukelele na kuruka kando. Matone yakatoka nje, yakakata njia ya soko kuelekea ziwani, na vumbi likayanywa.

Mama Concilie alimwekea Chérie kikombe mbele yake. Mtoto akanyoosha mkono. Vidole vikafumba, na kikombe kilikuwa ndani yake.

Placide aliichoma miwani yote iliyokuwa katika beseni. Lakini beseni, mnakumbuka, halikuwa limejaa.

Kwa hiyo nasema nawe, ndugu yangu wa Swima, nawe dada wa Lubondja, nawe uliyeficha miwani hiyo chini ya godoro ukisema ni kumbukumbu tu. Najua umechoka na maonyo. Mimi pia nimechoka kuyatoa. Lakini mtoto wako jana alikosa kikombe, nawe ukamchapa kwa uzembe. Usimchape. Rudi nyumbani, inua godoro, na kama karatasi hiyo imelowa, usiivae ili uhakikishe. Ichome leo. Kisha kishike kinywa chako, ukome kumwambia karibu yule usiyemjua.