Basi la Thika na Lango la Mzee Kagwe

Nafuna alikuwa mwanamke mpole, lakini basi la asubuhi lilikuwa limeanza kuumaliza upole wake.

Yeye na mumewe, Jeconia, waliishi katika laini za wafanyakazi wa shamba la kahawa, kati ya Ruiru na Thika. Wakati wa baridi ya Julai, binti yao mdogo, Nekoye, alijimwagia uji wa moto mguuni. Dresa, msafisha vidonda wa zahanati moja mjini Thika, alimfunga bendeji.

"Mama Nekoye," alisema, "kidonda cha moto kinataka kusafishwa mara kwa mara. Mlete Jumatatu, Jumatano na Ijumaa. Fika mapema. Saa nne nafunga chumba hiki, naenda wodini."

Safari yenyewe haikuwa ndefu. Tatizo ni kwamba basi lilisimama kila mahali. Mtu akitokea kwenye kijia cha kahawa na kuinua mkono, lilisimama. Likienda kidogo tu, mwingine aligonga ubavu wake kwa ngumi: "Shukisha hapa." Taniboi alipanda juu ya paa kutafuta gunia la viazi, akalitelemsha, basi likanguruma na kuondoka. Kabla halijashika mwendo, mkono mwingine uliinuliwa.

Mbaya kuliko wote alikuwa Mzee Kagwe. Nyumba yake ilikuwa ya kwanza katika kijiji kilichopakana na laini, kando ya barabara. Kibao cha kituo cha basi kilisimama mbele kidogo, karibu na duka. Mtu mwenye macho mazuri angeweza kukisoma akiwa langoni kwa mzee. Lakini Mzee Kagwe hakwenda huko. Alisimama katikati ya barabara, mikono mgongoni, mpaka basi likasimama mbele yake. Ndipo alipoanza kuwaaga watu wa nyumba yake.

Jumatano moja Nafuna alifika zahanati akitokwa jasho, mtoto mgongoni. Chumba kilikuwa kimefungwa. Ijumaa dresa alipoifungua bendeji, harufu ilimfanya Nafuna ageuze uso.

"Kwa nini hukuja juzi?" dresa aliuliza.

"Nilikuja. Basi ndilo lililochelewa."

"Kidonda hakijui habari za basi, mama. Kikiendelea kuoza hivi, mguu huu unaweza kupinda, asitembee vizuri tena."

Nafuna alitoka pale amekasirika. Alikwenda moja kwa moja hadi stendi. Dereva, aliyeitwa Mburu, alikuwa akitia maji kwenye rejeta.

"Wewe mtu," Nafuna alimwambia, "mtoto wangu anaoza mguu kwa sababu yako. Huwezi kuendesha haraka?"

Mburu aliweka mkebe chini. Hakukasirika. Alimtazama mtoto, kisha akasema, "Nikienda mbio, mama, nitawaua. Mwendo wangu ni mzuri. Kusimama ndiko kunakotuchelewesha. Basi lililojaa ni zito sana. Kulisimamisha ni kazi, na kuliondoa tena ni kazi kubwa zaidi. Huyu anashuka, yule anatafuta kuku wake, mwingine anaaga. Watu kumi wakipanda kituoni, nasimama mara moja. Wakipanda kila mtu langoni kwake, nasimama mara kumi."

"Basi wapite tu. Usiwasimamishie gari."

"Nilijaribu. Walinitupia matope, wakaenda kunishtaki kwa mwenye basi kwamba nina kiburi. Kuna hatari pia. Nikisimama kwenye kona, lori linalokuja nyuma halinioni. Vibao viliwekwa mahali ambapo barabara imenyooka. Lakini kibao chenu kinafungiwa mbuzi." Alifunika rejeta. "Teksi ni ya mtu mmoja, mama. Basi ni la watu wote. Kubalianeni ninyi abiria kwanza, nami nitapita malango yote."

Jumapili, baada ya kanisa, Nafuna alizungumza na majirani. Wamboi, mke wa mwana wa Mzee Kagwe, alimuunga mkono. Watu wa laini walikubali kupandia kituoni. Wengi wa kijiji walikubali pia. Mzee Kagwe alitikisa kichwa.

"Barabara hii niliichimba mimi, kwa jembe, wakati wa kazi ya lazima ya wakoloni," alisema. "Hakuna aliyenilipa. Nitasimama ninapotaka."

"Baba, hakuna anayekataa kwamba uliichimba," Wamboi alisema kwa heshima. "Lakini mtoto wa watu anaumia."

"Mimi sikumwaga uji."

Nafuna aliondoka akihofu kwamba wengine watamwiga mzee. Na ikawa kama alivyoogopa. Watu walipomwona mzee akisimamisha basi langoni kwake, walisema, "Kama yeye anaweza, sisi je?" Mikono ikarudi barabarani.

Asubuhi ya Jumatatu moja mzee alipanda akiwa amefunga kitambaa shavuni. Gego lilikuwa limemtesa siku mbili, naye alikuwa anakwenda kung'olewa kwenye zahanati ile ile. Siku hiyo hakumuaga mtu. Nafuna alipopandia kituoni, alikaa karibu naye; mzee alikuwa ameshika taya.

Basi lilisimama kwenye kijia cha kwanza. Likasimama kwenye cha pili. Kila liliporuka na kutikisika, mzee aliguna. Kwenye kijia kilichofuata mwanamke mmoja alianza kupakia kuku wake polepole.

"Mama, fanya haraka," mzee alisema kwa shida. "Kwa nini hukungoja kituoni?"

"Mzee, hapa ni langoni kwangu," mwanamke alijibu. "Si hata wewe hupandia langoni kwako?"

Mzee alitazama nje dirishani, kisha akautazama mguu wa Nekoye.

Walipofika, dresa alikuwa akifunga mlango. Kwa huruma alimsafisha Nekoye, lakini daktari wa meno alikuwa amekwisha kwenda. Mzee Kagwe alirudi nyumbani na gego lake.

Jumatano, watu wa laini walipofika kituoni, walimkuta mzee amewatangulia. Alikuwa amemfungua mbuzi wa mtu pale kwenye kibao na kumfukuza. Kijana mmoja alipoinua mkono mbali na kituo, mzee alimwita kwa sauti iliyomuumiza taya: "Njoo huku, upande na wenzako." Kijana akaja. Mburu alisimama mara moja, wote wakapanda, akaondoka. Vijia vingine vilipoona kijiji kile kimeshika kibao, navyo vikafuata kidogo kidogo.

Siku hiyo Nafuna alimkuta dresa bado akiosha mabeseni. Gego la mzee nalo liling'oka.

Wiki zikapita, ngozi mpya ikafunika mguu. Siku ya mwisho ya kutibiwa Nekoye alitembea mwenyewe hadi kituoni, akapanda ngazi za basi bila kushikwa. Mzee Kagwe alifika nyuma yake akihema na kunung'unika.

"Kituo hiki kiko mbali mno," alimwambia Nafuna.

"Ni kweli, mzee. Ni mbali."

"Lakini Thika imekuwa karibu," mzee akasema, akasogea ili mtoto apate kukaa dirishani.