Shimo la Mnong'onezaji

Hadi leo sina hakika ni nani aliyeimba jioni ile, maana kinywa cha Ilde, mwimbaji wetu, kilikuwa kinatoa hewa tu.

Kazi yangu katika jumba letu la opera, nje kidogo ya mji wa Parma, Italia, ilikuwa kukaa shimoni mbele ya jukwaa na kuwanong'oneza waimbaji maneno kabla hawajayasahau. Jioni hiyo ya Novemba, ukungu umeshuka, nilirudi kuchukua miwani niliyoiacha humo. Nikamkuta Ilde jukwaani peke yake, skafu shingoni. Sauti ilikuwa imemkauka siku tatu. Onyesho lilikuwa Jumamosi.

"Babu Learco, ninong'oneze kidogo," akasema, sauti ikikwaruza.

"Pumzisha koo, binti."

"Nitachezesha midomo tu. Nikikosea Jumamosi, wale wazomeaji wa viti vya juu watanila mbichi, kama walavyo nyama ya farasi hapa kwetu."

Nikacheka. Nikaingia shimoni, nikanong'ona mstari wa kwanza.

Midomo yake ikacheza.

Sauti ikatoka... nyuma yangu.

Ya mwanamke. Nzima. Ilipanda taratibu kutoka chini ya mbao, na harufu ya kafuri pamoja nayo. Sikuogopa kwanza; nililia. Ilikuwa kama mama ananiita dirishani nirudi nile, naye alikufa miaka arobaini iliyopita.

Nikanyamaza. Ilde akafunga mdomo.

Sauti ikaendelea.

Kisha pumzi baridi ikanigusa sikio... ikaninong'oneza mstari unaofuata.

Nilitoka kwa magoti. Ilde alikuwa anatabasamu, machozi yakimtiririka.

"Ni mwalimu wangu, Cesira," akanong'ona. "Sauti ilimpotea hapa hapa jukwaani, isimrudie. Kabla hajafariki aliniambia sauti yake haitaki kuzikwa. Jumamosi ataniimbia, babu. Watalia wote."

"Na sauti yako?"

Akafungua kinywa anijibu.

Kimya. Hata ule mkwaruzo haukuwepo.

Alijishika koo. Simlaumu yeye, wala Cesira simlaumu. Mtu aliyeishi kwa kuimba ataachaje? Ndipo Ilde akachukua penseli yangu, akaandika pembeni mwa kitabu cha nota: *Zibeni shimo. Siimbi kwa sauti yake.*

Asubuhi Oreste, seremala wetu, alileta mbao. Akainama, akatega sikio shimoni. Akaweka nyundo chini, akaondoka bila kofia yake.

Misumari aliipigilia Ilde mwenyewe, yote kumi na minne. Kwenye wa mwisho alijigonga kidole.

"Aa!"

Sauti mbovu, ya kukwaruza. Yake.

Chini ya mbao, mtu akavuta pumzi ndefu... kama wavutavyo waimbaji kabla ya kuanza.